Jason Sendwe, mtu ambaye kifungu cha 110 kilimfungia mlango

Mgonjwa wa Nyunzu au Kalemie ambaye waganga wa jimbo wameshindwa naye, na ambaye jamaa zake wamepata nauli, hupelekwa Lubumbashi. Huko watu watamwambia: ingia Sendwe. Kwa vijana wengi wa Tanganyika, Sendwe ni hospitali basi. Ni vitanda, foleni na karatasi za kulipia dawa. Wachache wanajua kwamba Sendwe alikuwa mtu, kwamba alikuwa muuguzi kabla ya kuwa mwanasiasa, na kwamba aliuawa hapa hapa kwetu, Kalemie, wakati mji huo ukiitwa bado Albertville.

Tangu Rais Félix Tshisekedi aliposema Kisangani mwezi wa Oktoba 2024 kwamba ataunda tume ya kufikiria katiba mpya, kila mtu ana maneno yake juu ya katiba. Wako wanaosema ni jambo la wakubwa wa Kinshasa, kwamba mkulima wa mihogo wa Nyunzu halimhusu. Maisha ya Jason Sendwe yanasema vingine. Kifungu kimoja cha sheria kilibadilishwa mbali sana na hapa, katika mji wa Brussels, na kabla mwaka haujaisha watu walikuwa wanakufa kwenye reli inayopita Nyunzu.

Sendwe alizaliwa mwaka 1917 katika kijiji cha Mwanya, wilaya ya Kabongo, katika familia ya Waluba wa Katanga. Alisoma shule za wamisionari Wamethodisti kutoka Marekani, akafundishwa kuwa mwalimu na mhubiri, kisha akasomea uuguzi. Enzi hizo Mkongomani hakuwa na njia ya kuwa daktari. Hata awe na akili namna gani, ngazi yake ilikomea kwenye usaidizi wa Mzungu. Sendwe alifikia ngazi hiyo ya usaidizi wa kiganga, akafanya kazi Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo. Watu waliomfuata baadaye katika siasa walikuwa wanamjua kwanza kwa kazi hiyo.

Katika miaka ya mwisho ya ukoloni, Elisabethville na miji ya migodi ilikuwa imejaa watu waliotoka mbali. Waluba wa Kasai walikuwa wengi katika ofisi na migodi, na wenyeji wa kusini mwa Katanga walilalamika kwamba wageni wanakula nafasi zao. Kila kabila likaunda chama chake cha kusaidiana. Sendwe akawa kiongozi wa chama cha Waluba wa Katanga, Balubakat. Mapema mwaka 1959 chama hicho kiliingia ndani ya Conakat, mwavuli wa Moïse Tshombe na Godefroid Munongo. Ndiyo, Sendwe na Tshombe walikaa meza moja. Hilo husahauliwa na wanaosimulia kana kwamba walizaliwa maadui.

Ndoa haikufika mwaka. Conakat ilijifunga na chama cha walowezi Wazungu waliotaka Katanga ijitawale na utajiri wake, na ilizidi kuwasakama Waluba wa Kasai, ambao Waluba wa Katanga waliwaona ndugu. Novemba 1959 Balubakat ikatoka. Ikaungana na chama cha watu wa Kasai, Fedeka, na chama cha Wachokwe, Atcar, wakaitwa Cartel. Tangu hapo Katanga ilikuwa na pande mbili: Tshombe na kusini waliotaka jimbo lenye nguvu zake, Sendwe na kaskazini waliotaka Kongo moja. Wote wawili walikwenda Brussels, Januari 1960, kwenye Meza ya Mviringo iliyopanga uhuru wa tarehe 30 Juni.

Hapa tusimame kidogo, maana ndipo penye kiini.

Kongo ilikuwa inapata uhuru bila katiba yake yenyewe. Bunge la Ubelgiji lilitunga Sheria ya Msingi, iliyosainiwa tarehe 19 Mei 1960, itumike mpaka Wakongomani waandike ya kwao. Sheria hiyo ilisema bunge la jimbo haliwezi kuchagua serikali ya jimbo mpaka theluthi mbili ya wabunge wawe ukumbini. Maana yake ni rahisi: aliyeshinda kwa kura chache hawezi kula peke yake, lazima azungumze na mwenziwe kwanza.

Uchaguzi wa Mei ulitoa matokeo yaliyobanana. Katika viti 60 vya bunge la Katanga, Conakat ilipata 25 na Cartel 23. Vilivyobaki vilikwenda kwa vyama vidogo na watu binafsi, wengi wao wakaegemea kwa Tshombe. Cartel ilidai kura zimechezewa katika baadhi ya sehemu, na ilitaka nafasi ya haki katika serikali ya jimbo. Ilipoona haisikilizwi, wabunge wake walikataa kuingia ukumbini. Hesabu yenyewe mtoto wa shule anaiweza: theluthi mbili ya 60 ni 40, na hata wengine wote wangeingia bila Cartel, wasingefika 40. Jimbo lenye shaba yote likabaki bila serikali, na uhuru ulikuwa umebakiza majuma machache.

Mtu anaweza kusema Sendwe alicheza kamari. Kususia ni silaha ya mnyonge, na mara nyingi inamgeukia mwenyewe. Lakini alikuwa anatumia sheria ilivyoandikwa, neno kwa neno. Alichokosea ni kudhani kwamba sheria ile haitaguswa katikati ya mchezo.

Iliguswa. Tarehe 15 Juni 1960, hata mwezi haujatimia tangu isainiwe na siku 15 kabla ya bendera ya Ubelgiji kushushwa, wabunge wa Brussels walibadilisha kifungu cha 110. Ikiwa theluthi mbili hawapatikani, waliopo wangeweza kuchagua serikali. Siku iliyofuata Tshombe alikuwa rais wa serikali ya jimbo la Katanga, serikali iliyokuwa karibu yote ya Conakat. Kaskazini nzima, kutoka Manono mpaka Albertville, kupitia Kabalo na Nyunzu, haikuwa na mtu wake mezani.

Serikali ya Ubelgiji ilijitetea kwamba jimbo haliwezi kuingia katika uhuru bila utawala. Hoja hiyo ina uzito. Hakuna anayetaka mji bila mkubwa. Lakini kulikuwa na njia nyingine, ile ya kuwalazimisha wapatane, na haikufuatwa. Waliobadilisha sheria hawakuwa watu watakaoishi chini yake.

Patrice Lumumba aliona hatari. Akiwa waziri mkuu alimpendekeza Sendwe awe kamishna wa serikali kuu katika Katanga, cheo kilichokuwa kimeandikwa katika Sheria ya Msingi ili Kinshasa, wakati huo Leopoldville, iwe na jicho lake katika kila jimbo. Upande wa Tshombe ulilichukulia kama tusi. Tarehe 11 Julai 1960 Tshombe alitangaza Katanga ni nchi peke yake. Sendwe hakuwahi kukalia kile kiti cha kamishna Elisabethville.

Kaskazini ilikataa. Vijana wa Balubakat walifunga njia, wakabomoa madaraja, wakavamia vituo na reli. Askari wa Tshombe, wakiongozwa na Wabelgiji na mamluki, walichoma vijiji. Tusipambe: pande zote mbili ziliua watu wasio na silaha, na kulikuwa na vijana wa Balubakat waliotenda mambo ambayo Sendwe mwenyewe hakuweza kuyazuia. Oktoba 1960 Umoja wa Mataifa ulimsaidia kuzunguka kaskazini akiwatuliza watu. Mwezi huo huo wenzake wa chama walitangaza jimbo lao, wakaliita Lualaba, likiongozwa na Prosper Mwamba Ilunga.

Tarehe 8 Novemba 1960, Niemba, kwenye mwendo wa reli kati ya Kalemie na Nyunzu, doria ya askari 11 wa Ireland waliovaa kofia za Umoja wa Mataifa ilivamiwa na wapiganaji wa Kiluba kwenye daraja lililovunjwa. Tisa walikufa. Maelezo yanayotolewa mara nyingi ni kwamba wapiganaji waliwadhania Wazungu wa Tshombe. Ireland hukumbuka jina la Niemba mpaka leo. Wanakijiji waliokufa katika mwaka ule hawana orodha.

Mambo yaliendelea hivyo miaka miwili. Aprili 1961 mamluki wa Katanga walikamatwa Kabalo na askari wa Ethiopia. Siku ya Mwaka Mpya 1962 wamisionari 20 waliuawa Kongolo na wanajeshi waliotoka upande wa Stanleyville, ambao walikuwa wamekuja wakisema ni wakombozi.

Sendwe alikuwa Leopoldville wakati mwingi, akiwa mbunge wa taifa. Agosti 1961, Cyrille Adoula alipounda serikali ya kuunganisha nchi, alimfanya naibu wa waziri mkuu, pamoja na Antoine Gizenga. Mtoto wa Mwanya aliyezuiwa kuwa daktari alikuwa sasa kati ya wakubwa wa nchi. Lakini siasa yake ilibaki moja: kaskazini ya Katanga iwe na utawala wake.

Na mara hii kalamu ilikuwa mikononi mwa Wakongomani. Mwaka 1962 Bunge la Leopoldville liliirekebisha Sheria ya Msingi ili majimbo mapya yaweze kuundwa, na Julai mwaka huo jimbo la Katanga Kaskazini likazaliwa kwa sheria. Majimbo sita ya ukoloni yakavunjwa yakawa 21. Wananchi waliyaita vijimbo. Mengi hayakuwa na fedha, ofisi wala hata magari. Mengine yalianza kugombana juu ya mipaka siku ile ile. Ukitazama kwa jicho la haki, Balubakat ilipata ilichonyimwa Juni 1960. Ukitazama kwa jicho la tumbo, ilipata jimbo lililoharibiwa na vita, reli iliyokatwa na wafanyakazi wasiolipwa mishahara.

Mwamba Ilunga aliongoza kwanza. Septemba 1963, miezi minane baada ya Katanga ya Tshombe kusalimu amri, Sendwe akachukua urais wa jimbo. Hapo ndipo yalipomkuta ambayo yamewakuta wengi: kudai nyumba ni rahisi kuliko kuiendesha. Chama kilikuwa kimepasuka kati ya watu wake na watu wa Mwamba Ilunga. Vijana waliopigana miaka mitatu walitaka kazi, na kazi hazikuwapo. Mapema mwaka 1964 wabunge wa jimbo walimwangusha kwa kura ya kutokuwa na imani naye. Majuma machache baadaye akarudishwa. Wakati wakubwa wakivutana kiti, uasi ulikuwa unapanda kutoka Uvira na Fizi. Gaston Soumialot alikuwa anawaahidi vijana uhuru wa pili, kwa kuwa ule wa kwanza hawakuuona ukifika kwao. Kati ya waliokuwa upande wa uasi alikuwamo Laurent-Désiré Kabila, kijana aliyelelewa kisiasa ndani ya Balubakat hiyo hiyo.

Mwisho wa Mei vijana wa Albertville waliasi mjini, wakazimwa kwa siku chache. Katikati ya Juni waasi walirudi kwa nguvu na jeshi likakimbia. Sendwe hakupona. Aliuawa tarehe 19 Juni 1964, akiwa na umri wa miaka 47 hivi, na si kwa mkono wa Tshombe aliyempinga miaka minne, bali katika mji wake mkuu mwenyewe, mikononi mwa uasi uliojaa watoto wa watu waliokuwa wamempigia kura.

Wakati ule Kongo ilikuwa inangoja katiba yake ya kwanza ya kweli, iliyoandikwa Luluabourg, yaani Kananga. Kura ya maoni ilianza tarehe 25 Juni, siku sita baada ya kifo chake. Sehemu zilizoshikwa na waasi hazikupiga kura, na Albertville ilibaki mikononi mwao mpaka mwisho wa Agosti. Kwa hiyo watu wa mji aliofia hawakuulizwa neno juu ya katiba iliyotangazwa tarehe 1 Agosti, katiba ambayo ndani yake jimbo la Katanga Kaskazini lilikuwa limeandikwa kwa jina.

Halikudumu. Mobutu alichukua nchi Novemba 1965, na kabla ya mwisho wa 1966 alikuwa amepunguza majimbo na kuirudisha kaskazini chini ya Lubumbashi. Ilipita karibu nusu karne. Katiba ya Februari 2006 iliandika majimbo 25 pamoja na mji wa Kinshasa, na kifungu cha 226 kilitoa muda wa miezi 36 yaanze. Muda ukapita. Januari 2011 vifungu vinane vilibadilishwa mara moja: wengi wanakumbuka cha 71, kilichoondoa duru ya pili ya uchaguzi wa rais, lakini cha 226 kilikuwamo pia, na kikomo cha miezi 36 kikafutwa. Tanganyika ilingoja mpaka 2015.

Jimbo lilikuja na wilaya sita: Kalemie, Nyunzu, Kabalo, Kongolo, Manono na Moba. Kabongo alikozaliwa Sendwe ilikwenda Haut-Lomami. Na katika miaka ile ile jimbo lilipoanza, Nyunzu ilikuwa inazika watu wa vita kati ya Watwa na Waluba, vita ambavyo sehemu yake kubwa ilikuwa swali la zamani lile lile: nani ana nafasi mezani, nani anasimama nje.

Katiba ya leo ina kifungu cha 220. Kinakataza kabisa mabadiliko yoyote yanayopunguza haki za mtu au mamlaka ya majimbo. Na cha 219 kinakataza kurekebisha katiba wakati wa vita au wakati nchi iko katika hali ya dharura au ya kuzingirwa. Wanaotaka kubadili wanasema hapa si marekebisho, ni katiba mpya kabisa, na kwamba hiyo ni hesabu nyingine. Wanaopinga wanasema ni mlango wa nyuma. Wabunge waliochaguliwa Nyunzu na Kalemie watatakiwa kupiga kura siku moja, wakiwa ukumbini au wakiwa wamesusia.

Hospitali ya Lubumbashi bado ina jina lake juu ya lango.