Karani Aliyepita Mpwapwa

Wapo wanaodhani kwamba Shaaban Robert ni mali ya pwani peke yake. Tunapenda kuwakumbusha kuwa mwandishi huyo, aliyezaliwa Vibambani, karibu na Tanga, tarehe 1 Januari 1909, alipata kufanya kazi hapa kwetu Mpwapwa katikati ya miaka ya 1940, akiwa karani wa serikali ya kikoloni.

Alisoma Dar es Salaam tangu 1922 hadi 1926, kisha akaajiriwa katika forodha. Ukarani ndio uliomlisha takriban maisha yake yote. Mchana alitumikia majalada ya wakubwa. Kalamu yake mwenyewe ilingoja saa zilizosalia.

Kalamu hiyo haikukubali mipaka ya fani. Katika Maisha Yangu, nathari na ushairi vimekaa jamvi moja: baba anasimulia ndoa, kazi na msiba wa kufiwa na mkewe, kisha anawausia wanawe kwa tenzi. Katika Wasifu wa Siti binti Saad alimtukuza mwimbaji wa taarab aliyetoka katika ufukara. Kusadikika, kilichotoka 1951, ni ngano, ni hotuba ya mahakamani, na ni insha ya siasa. Karama anashtakiwa kwa kosa la kutaka watu wafundishwe sheria, na utetezi wake unageuka kuwa mashtaka juu ya watawala.

Hatufichi kwamba wako waliomlaumu. Alipokea nishani ya Waingereza, na utenzi wake mrefu wa vita vya 1939 hadi 1945 umeegemea upande wao. Lawama hiyo ina haki yake. Lakini aliyeandika Kusadikika alikula mshahara wa serikali ileile aliyokuwa akiifumbia fumbo, naye alikuwa na watoto wa kulisha. Wangapi kati yetu, tulio na uhuru, huthubutu kumwambia mkubwa wetu nusu ya yale?

Alifariki Juni 1962, miezi michache baada ya Uhuru. Kufikirika kilichapishwa 1967, na Utubora Mkulima 1968, hadithi ya mtu aliyeacha kazi ya mjini akashika jembe. Mwenyewe hakuviona.

Hapo ndipo penye funzo kwetu. Katika kata na vijiji vya uwanda huu wapo makarani, walimu na wakulima wenye madaftari ya mashairi na habari za wazee wao, yanayoliwa na mchwa uvunguni. Twawasihi viongozi wa wilaya na walimu wetu wayatafute, wayasome na wayahifadhi wenyewe wakiwa hai. Tusingoje kuwasifu makaburini. Na wanafunzi wamsome Shaaban Robert hata baada ya mtihani kwisha, kwani Karama bado anangoja kusikilizwa.