Bibi Salme wa Mtoni

Mtu atokaye hapa Kolandoto kwenda Unguja ana safari ndefu. Hupanda gari la moshi Shinyanga, hupita Tabora, Dodoma na Morogoro mpaka Dar es Salaam, kisha huvuka bahari kwa boti. Lakini akisha kufika mjini Unguja, matembezi ya kwenda kuyaona magofu ya upande wa kaskazini ni ya siku moja tu. Kiongozi huwachukua wageni asubuhi, akawaonyesha nguzo za Maruhubi, jumba alilolijenga Seyyid Barghash mwaka 1882 nalo likaungua moto mwaka 1899. Kisha huwapeleka Mtoni, kando ya bahari. Halafu huwapandisha kilimani Kidichi, kwenye hamamu ya Kiajemi. Na mwisho huwafikisha Mangapwani, ambako kuna pango la asili lenye maji matamu chini yake. Jioni wamekwisha kurudi mjini.

Sisi wa Usukumani tumezoea miamba mikubwa ya matale, wala hatuoni mapango ya namna ile. Sababu ni kwamba sehemu kubwa ya Unguja ni jiwe la matumbawe, na jiwe hilo ni la chokaa. Maji ya mvua huingia katika nyufa zake na kulila kidogo kidogo kwa maelfu ya miaka, hata chini pakawa na uwazi. Paa likianguka, shimo huonekana na maji ndani yake. Nchi ya Yucatan, huko Mexico, ni ya chokaa vivyo hivyo, nao Wamaya wa kale waliujenga mji wao wa Chichen Itza karibu na mashimo makubwa ya maji. Wageni waendao huko siku hizi huyaona magofu asubuhi na kuogelea mashimoni mchana. Unguja wapendao kuogelea mapangoni huenda zaidi upande wa mashariki, Jambiani na Paje. Pango la Mangapwani lilikuwa hasa mahali pa kuteka maji.

Lakini nia yangu ni kusimulia habari za Mtoni. Mgeni asiyeambiwa neno huona pale kuta zilizobomoka, matao, na mabirika makavu ya kuogea, akapita. Kuta hazisemi zilikuwa za nani. Mambo mengi ayasemayo kiongozi mahali pale, nani alikaa wapi, nani alioga wapi, mfalme alitembea wapi jioni, yametoka katika kalamu ya mwanamke mmoja aliyezaliwa ndani ya jumba hilo tarehe 30 Agosti, 1844. Jina lake ni Seyyida Salme binti Said.

Baba yake alikuwa Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Oman na Unguja, yule aliyeeneza mashamba ya mikarafuu kisiwani. Mama yake, Jilfidan, alikuwa suria, mwenyeji wa nchi ya Wacherkesi iliyo karibu na Bahari Nyeusi. Vita viliwaua wazazi wake alipokuwa mtoto mdogo, akachukuliwa, akauzwa, hata akafika Unguja katika nyumba ya Seyyid Said. Basi binti mfalme huyu alizaliwa na mama aliyenunuliwa. Msomaji na alishike jambo hili, maana tutalirudia.

Mtoni ilikuwa na watu wengi kama kijiji kizima. Mwenyewe aliwakadiria kuwa kiasi cha elfu moja. Uani walitembea tausi, paa na mbuni, na watoto wakikimbizana nao. Mwisho wa ua palikuwa na safu ya vyumba vya kuogea, kumi na zaidi, vyenye mabirika yaliyojaa maji, na tangu alfajiri hata usiku watu hawakuisha humo. Wengine waliogelea, wengine walisali, wengine walilala usingizi karibu na maji kwa ajili ya baridi yake. Mbele ya jumba, upande wa bahari, palikuwa na roshani kubwa ya mviringo. Hapo Seyyid Said alipenda kutembea peke yake, kichwa amekiinamisha, akichechemea kidogo kwa sababu ya risasi iliyompata zamani vitani. Salme alimtazama kwa mbali, wala hakuthubutu kumwuliza alikuwa akiwaza nini.

Ile hamamu ya Kidichi ni ya siku zizo hizo. Seyyid Said aliijenga kiasi cha mwaka 1850 kwa ajili ya mkewe wa Kiajemi, wa ukoo wa mashaha wa Uajemi, naye mafundi wakaipamba kwa chokaa iliyochongwa maua na ndege.

Watoto wa jumba lile, wa kiume kwa wa kike, walifundishwa Kurani kwa mwalimu mmoja. Lakini wasichana walifundishwa kusoma tu. Kuandika walikatazwa, ikidhaniwa kwamba msichana ajuaye kuandika ataleta fitina kwa barua. Salme hakuridhika. Alitwaa mfupa wa bega la ngamia, ndio uliokuwa kibao cha kuandikia siku zile, akaweka Kurani mbele yake, akanakili herufi moja moja kwa siri. Baadaye alimpata mtumwa mmoja aliyejua kuandika, akamsahihisha. Siri ilipojulikana alisemwa sana, wala hakujali.

Nadhani wasichana wa shule yetu watalipenda jambo hili kuliko mengine yote ya maisha yake. Lakini lisifichwe kwamba kalamu ile ndiyo iliyomtia matatani kwanza. Mwaka 1856 Seyyid Said alikufa baharini akirudi kutoka Oman, na Unguja ikawa chini ya mwanawe Majid. Mwaka 1859 kipindupindu kilimwua Jilfidan. Salme alikuwa na miaka kumi na mitano, hana baba wala mama, naye kaka yake Barghash alikuwa akipanga kumpindua Majid. Dada yao Khole alimvuta Salme upande wa Barghash. Wapinduzi walihitaji mwandishi wanayeweza kumwamini, na binti yule alijua kuandika. Basi barua za njama zikapita mkononi mwake, ingawa Majid alikuwa amemlea kwa upole tangu utoto.

Askari wa Majid waliizingira nyumba ya Barghash. Usiku mmoja dada zake wakamtorosha katikati ya walinzi, amevikwa nguo za kike, akaenda kujiimarisha shambani. Haikufaa kitu. Waingereza walimsaidia Majid, Barghash akashindwa, akapelekwa Bombay uhamishoni. Majid hakumwadhibu Salme. Lakini rafiki zake wa upande ule hawakumsamehe hapo baadaye alipopatana na Majid, naye akakaa miaka kadhaa mashambani, Kizimbani na Bububu, mbali na mji.

Aliporudi mjini, jirani yake alikuwa Mjerumani mmoja, mfanya biashara kutoka Hamburg, Heinrich Ruete. Mapaa ya nyumba zao yalikaribiana. Wakapendana, na katika mwaka 1866 Salme akawa mja mzito. Jambo hilo, kwa binti wa mfalme tena Mwislamu, lingeweza kumgharimu maisha yake. Mke wa tabibu mmoja wa Kiingereza aliyekuwa akishika kazi ya ubalozi alimsaidia. Mwezi wa Agosti ikawadia Siku ya Mwaka, ambayo desturi ya watu wa pwani ni kukoga baharini. Usiku huo wanawake wengi walishuka ufukweni, Salme naye akashuka kama wao. Mashua ya manowari ya Kiingereza, Highflyer, ilikuwa ikimngoja. Kulipokucha alikuwa amekwisha toka Unguja.

Alifikia Aden, akajifungua mtoto wa kiume, akamngoja Ruete amalize shughuli zake. Tarehe 30 Mei, 1867, alibatizwa kwa jina la Emily, na siku hiyo hiyo wakafunga ndoa. Yule mtoto alikufa kabla hawajafika Hamburg.

Huko Ujerumani walizaliwa watoto watatu, wasichana wawili na mvulana mmoja. Kisha, Agosti 1870, Ruete alianguka alipokuwa akishuka katika gari la abiria lililokokotwa na farasi, likamkanyaga, akafa. Mama huyo alikuwa na miaka ishirini na mitano, lugha ya nchi bado inamtatiza, baridi inamwumiza, na watoto watatu mkononi. Alihama mji hata mji, Dresden, Rudolstadt, Berlin, akifundisha lugha ili wapate chakula. Mwaka ule ule wa 1870 Majid alikufa, na kiti akakitwaa Barghash. Ndugu ambaye Salme alijihatarisha kwa ajili yake sasa alikuwa mfalme, wala hakutaka kusikia jina lake. Urithi aliokuwa akiudai ulizuiwa kwa sababu ya kuacha dini. Mwaka 1875 alikwenda London, Barghash akiwa mgeni huko. Serikali ya Uingereza ilimzuia asionane naye, na ahadi aliyopewa, kwa maelezo yake mwenyewe, haikutimizwa.

Mwaka 1885 alirudi Unguja pamoja na watoto wake, katika msafara wa manowari za Kijerumani. Hapo ndipo habari zake zinapogusana na zetu. Bismarck alitaka Barghash akubali Wajerumani kuitwaa bara, na binti mfalme mwenye madai alikuwa silaha nzuri ya kumtisha. Barghash alipokubali, madai ya Salme hayakutajwa tena. Yeye hakupata kitu. Wajerumani wakapata nchi, na miaka michache baadaye bendera yao ilikuwa imefika mpaka Usukumani.

Katika safari hiyo alikwenda kuitazama Mtoni. Miaka kumi na tisa tu ilikuwa imepita tangu alipotoroka, na jumba lilikuwa gofu tayari. Ngazi moja haikuwapo tena, nyingine imemea majani, na vyumba vya kuogea vilivyokuwa na watu usiku na mchana vilikuwa havina paa. Alisimama pale kama wasimamavyo wageni wa siku hizi, ila yeye alijua jina la kila mlango.

Mwaka uliofuata, 1886, kumbukumbu za maisha yake zilitolewa Berlin kwa Kijerumani. Zinahesabiwa kuwa miongoni mwa vitabu vya kwanza ambamo mwanamke wa Afrika ya Mashariki alisimulia maisha yake kwa mkono wake. Kimetufaa sana kitabu hicho. Hata hivyo kina jambo ambalo siwezi kulipita kimya: ndani yake aliutetea utumwa, akidhani kwamba watumwa wa Unguja walikuwa na hali njema na kwamba Wazungu walikosea kuukomesha kwa haraka. Aliandika hivyo yeye ambaye mama yake aliuzwa utotoni, na aliyesahihishwa herufi zake na mtumwa. Maji ya mabirika ya Mtoni na karafuu za Kizimbani vilikuwa kazi ya watumwa, na pembe za ndovu zilizoitajirisha Unguja zilibebwa mabegani kutoka Unyamwezi na kupita Tabora. Watu hao hawakuacha kitabu. Huko Mangapwani, si mbali na lile pango la maji, kipo chumba kilichochimbwa ndani ya jiwe ambamo watumwa walifichwa baada ya soko lao kufungwa mwaka 1873. Wageni huteremshwa humo pia siku ile ile, nami naona kiongozi afanyaye hivyo anafanya vema.

Alijaribu tena mwaka 1888, Barghash akiwa amekwisha kufa, wala hakufanikiwa. Hakutaka kukaa Ujerumani baada ya hapo. Aliishi Jaffa, kisha Beirut tangu mwaka 1892 hata mwaka 1914, mahali ambapo aliweza kusikia Kiarabu barabarani. Miaka ya mwisho aliimaliza kwa watoto wake, akafa Jena tarehe 29 Februari, 1924, akiwa na miaka 79. Alizikwa Hamburg, karibu na mumewe. Katika vitu alivyoviacha ulikutwa mfuko mdogo wa mchanga wa ufuko wa Unguja, nao ukazikwa pamoja naye.