Hugh Tracey: Mtayarishaji wa Muziki Aliyehifadhi Sauti za Tanganyika

Mwaka 1950, miaka 11 kabla ya Uhuru, gari lililobeba mitambo ya kurekodi sauti lilipita katika miji na vijiji vya Tanganyika. Kiongozi wa msafara huo alikuwa Hugh Tracey, mtayarishaji wa muziki ambaye studio yake ilikuwa barabarani kuliko ndani ya jengo. Miongoni mwa waliorekodiwa ni waimbaji na wapigaji wa ala wa Kigogo, Kihaya na Kinyamwezi, pamoja na bendi za dansi.

Tracey alizaliwa mwaka 1903 katika jimbo la Devon, Uingereza. Akiwa kijana alihamia Rhodesia ya Kusini, sasa Zimbabwe, kufanya kazi katika shamba la tumbaku la kaka yake. Huko alijifunza lugha ya Wakaranga kutoka kwa wafanyakazi wenzake na kuzisikia nyimbo zao. Mwaka 1929 aliwachukua vijana 14 hadi Johannesburg, wakarekodiwa na kampuni ya Columbia.

Kuanzia mwaka 1936 alifanya kazi ya utangazaji wa redio mjini Durban. Mwaka 1947 alipata msaada wa kampuni ya santuri ya Eric Gallo, akaanza safari ndefu za kurekodi zilizomfikisha Afrika ya Mashariki na Kongo. Mwaka 1952, katika mji ambao leo unaitwa Likasi, alimrekodi mpiga gitaa Mwenda Jean Bosco, ambaye baadaye alipata umaarufu mkubwa.

Mitambo ilitegemea jenereta, hivyo iliwekwa mbali ili ngurumo yake isiingie katika wimbo. Tracey alishika kipaza sauti mkononi, akakisogeza kwa mwimbaji au kwa ala iliyohitaji kusikika zaidi. Upande mmoja wa santuri ulichukua takriban dakika 3 tu, hivyo ngoma iliyozoea kuchezwa usiku kucha ililazimika kufupishwa.

Mwaka 1954 alianzisha Maktaba ya Kimataifa ya Muziki wa Afrika huko Roodepoort, karibu na Johannesburg. Maktaba hiyo ilitoa zaidi ya santuri 200 za kumbukumbu, zikiambatana na kadi zilizoeleza lugha, mahali na ala zilizotumika. Vilevile alitengeneza kalimba, ala yenye asili ya Kiafrika, ikauzwa hadi Ulaya na Marekani.

Kazi hiyo haikukosa dosari. Ilifanyika chini ya utawala wa kikoloni, na msanii wa kijijini hakuwa na sauti kubwa katika kuamua wimbo wake utahifadhiwa wapi na utamnufaisha nani. Tracey pia alipendelea muziki aliouona kuwa wa asili, akiwa na mashaka na ule uliochanganyika na wa kigeni. Hivyo, kilichohifadhiwa kilipitia katika chujio la mtu mmoja.

Hata hivyo, kadi zile zimeonesha thamani yake. Mwaka 1950, nchini Kenya, Tracey alirekodi wimbo wa wasichana wa Kikipsigis uitwao Chemirocha, jina lililotokana na Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani aliyesikika kupitia santuri. Kwa kuwa lugha na mahali viliandikwa, mwaka 2014 nakala za rekodi za Wakipsigis zilirudishwa kwa jamii hiyo, na wazee waliokuwa hai wakasikia tena sauti za ujana wao.

Tracey alifariki dunia mwaka 1977. Mwaka uliofuata maktaba yake ilihamishiwa Chuo Kikuu cha Rhodes, Afrika Kusini, chini ya uongozi wa mwanawe, Andrew Tracey. Rekodi za Tanganyika zimo katika hazina hiyo, na baadhi zimetolewa upya katika sidii. Wimbo ulioandikiwa lugha yake na mahali ulipoimbwa, hata ukihifadhiwa ugenini, una njia ya kurudi nyumbani.