Kabasele: Aliyewaita vigogo wote katika wimbo mmoja

Msomaji mpenzi, kama umewahi kuvuka mpaka kwenda Kongo tarehe 30 Juni, unajua kwamba siku hiyo biashara husimama. Ni sikukuu ya Uhuru. Redio hurudia wimbo ule ule, na hata mchuuzi asiyejua Kilingala huitikia kiitikio chake. Wimbo huo ni Indépendance Cha Cha.

Mimi niliucheza miaka mingi kabla sijajua kwamba sehemu kubwa ya maneno yake ni majina ya watu na vyama. Nilipofahamu yaliyowapata watu hao, sikuusikia tena kama zamani. Ndiyo maana leo nasimulia maisha ya mtunzi wake, hayati Joseph Kabasele, maarufu kama Grand Kallé.

Kabasele alizaliwa tarehe 16 Desemba 1930 mjini Matadi, kwenye bandari kubwa ya Kongo, katika familia yenye asili ya Kasai. Alikulia Léopoldville, mji ambao leo ni Kinshasa. Ujana wake ulikuwa wa kanisa na kwaya, kisha akafanya ukarani. Lakini moyo wake ulikuwa kwenye muziki.

Wakati huo mji mzima ulikuwa ukisikiliza santuri kutoka Kuba. Zilianza kuingia miaka ya 1930, zikiwa na herufi GV, na zilipendwa mno. Haikuwa ajabu. Mababu wa Wakuba wengi walichukuliwa utumwani kutoka pande hizo hizo za Kongo, wakavuka bahari na ngoma zao kichwani. Muziki huo ulipofika Léopoldville ulikuwa kama mtu aliyerudi kwao baada ya karne nyingi, ana mavazi mengine lakini sura ni ya ukoo. Nyinyi mliorudi kutoka uhamishoni mnajua jambo hilo kuliko mimi.

Mwaka 1953 Kabasele aliunda bendi ya African Jazz. Ndani yake alikuwamo kijana Nico Kasanda, ambaye baadaye aliitwa Docteur Nico kwa umahiri wake wa gitaa, pamoja na kaka yake Dechaud. Walichukua mitindo ya Kuba, ikiwemo cha-cha-cha iliyoanzishwa Havana na mpiga fidla Enrique Jorrín mwanzoni mwa miaka ya 1950. Wakaitia magitaa ya umeme na maneno ya Kilingala. Sauti ya Kabasele ilikuwa nyororo, na mavazi yake nadhifu. Vijana walimwiga kwa kila kitu.

Januari 20, 1960, Ubelgiji iliitisha Mkutano wa Meza ya Duara mjini Brussels kujadili hatima ya Kongo. Wanasiasa walikwenda, na Kabasele na wenzake nao wakaalikwa. Kwa kuwa si wanamuziki wote wa African Jazz waliosafiri, walijiunga nao Vicky Longomba na Brazzos kutoka OK Jazz, bendi iliyokuwa mpinzani wao mkubwa. Lumumba alitolewa gerezani ili ahudhurie. Tarehe 27 Januari ikakubaliwa kwamba uhuru utapatikana Juni 30.

Katika siku hizo hizo wimbo ukatungwa, ukapigwa katika Hoteli Plaza mbele ya wajumbe wenyewe. Kabasele aliwataja mmoja mmoja: Kasavubu, Lumumba, Tshombe, Kalonji, Bolikango na wengine. Akataja na vyama vyao. Abako ilitaka majimbo yenye nguvu, Lumumba alitaka nchi moja imara, Conakat ilitazama maslahi ya Katanga. Lakini mbele ya Wabelgiji walikuwa wamesimama pamoja, na wimbo ukawaweka wote kwenye mstari mmoja.

Redio iliusambaza kasi kuliko gazeti lolote. Ulivuka mipaka bila kibali, ukasikika katika makoloni mengine yaliyokuwa yakisubiri zamu yao. Rwanda na Burundi, zilizokuwa chini ya Wabelgiji hao hao, zilipata uhuru Julai 1, 1962. Kule Zambia, ikiitwa bado Rhodesia ya Kaskazini, kampeni ya mwaka 1961 ya kuwagomea wakoloni iliitwa Cha-cha-cha, na wafanyabiashara wanaofika Lusaka wanaijua barabara yenye jina hilo.

Hata hivyo, umoja ule haukudumu. Siku 11 baada ya uhuru, Tshombe alitangaza kuitenga Katanga. Agosti, Kalonji naye akaitenga Kasai ya Kusini. Septemba, Kasavubu alimfukuza Lumumba, na Januari 17, 1961 Lumumba aliuawa Katanga. Kasavubu mwenyewe alipinduliwa na Mobutu mwaka 1965. Tshombe alifia kizuizini Algeria mwaka 1969. Wimbo ulibaki ukiwaita pamoja watu waliokwisha kutengana.

Bendi nayo ilipatwa na hayo hayo. Kabasele alikuwa ameanzisha lebo yake, Surboum African Jazz, na mwaka 1961 alimleta Manu Dibango wa Kamerun. Lakini mwaka 1963 Nico na Tabu Ley Rochereau walimwacha, wakaunda African Fiesta. Alijaribu kuiinua tena African Jazz, kisha akaenda Paris akaunda African Team pamoja na Dibango. Zilikuwa kazi nzuri, ila zama zilikuwa zimeshageuka. Alifariki dunia tarehe 11 Februari 1983, akiwa na umri wa miaka 52.

Takriban nusu karne baada ya Brussels, Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi aliyekulia Ubelgiji, aliuimba upya akauongezea jina la Kiswahili, Siku ya Baadaye. Nionavyo mimi, hilo ndilo swali Kabasele alilotuachia bila kukusudia. Kusherehekea siku ya uhuru tunajua. Kazi ni siku inayofuata, pale waliotajwa katika wimbo mmoja wanapotakiwa kukaa katika nyumba moja.

Mwenyezi Mungu amlaze mahali pema peponi. Amina.