Klaus Wachsmann

Klaus Philipp Wachsmann (Berlin, Ujerumani, 8 Machi 1907 – Tisbury, Uingereza, 17 Julai 1984) alikuwa mtaalamu wa muziki aliyefanya kazi nchini Uganda kwa miaka ipatayo 20. Anakumbukwa kama mkuu wa Jumba la Makumbusho la Uganda kuanzia 1948 hadi 1957, na kama mtu aliyerekodi na kuchambua ala za muziki za nchi hiyo, zikiwemo filimbi na baragumu za jadi ambazo baadhi yake leo ni nadra sana.

Ujana na masomo

Wachsmann alisoma elimu ya muziki katika Chuo Kikuu cha Berlin mwanzoni mwa miaka ya 1930. Miongoni mwa walimu wake walikuwa Erich von Hornbostel na Curt Sachs, ambao mwaka 1914 walitoa mpango wa kugawa ala zote za muziki duniani katika makundi manne: zinazolia kwa mwili wake wenyewe kama kayamba na marimba, zinazolia kwa ngozi kama ngoma, zinazolia kwa nyuzi kama zeze, na zinazolia kwa hewa kama filimbi. Mpango huo unatumika hadi leo katika makumbusho mengi.

Berlin ilikuwa na hazina kubwa ya sauti zilizorekodiwa sehemu nyingi za dunia, Afrika Mashariki ikiwemo. Hornbostel mwenyewe alichapisha mwaka 1909 uchambuzi wa nyimbo za Wanyamwezi, majirani wa watu wa Mpanda na Katavi ya leo. Kwa hiyo Wachsmann alikuwa amekwisha kusikia habari za muziki wa upande huu kabla ya kuvuka bahari.

Mwaka 1933 Wanazi walishika utawala. Watu wenye asili ya Kiyahudi walifukuzwa katika vyuo na ofisi za serikali, na Hornbostel na Sachs wote wawili waliondoka Ujerumani. Wachsmann, naye akiwa wa asili hiyo, alihamia Uswisi, akamaliza shahada ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Fribourg mwaka 1935. Utafiti wake ulihusu nyimbo za kanisa za zamani. Baadaye alikwenda London kusoma lugha za Kiafrika, na mwaka 1937 akafika Uganda.

Kazi Uganda

Miaka ya kwanza alifanya kazi ya elimu katika misheni za Kiprotestanti. Huko alikutana na tatizo linalojulikana na kila mwalimu wa kwaya. Nyimbo nyingi za kanisa zilikuwa tuni za Ulaya zilizowekewa maneno ya Kiganda. Lakini Kiganda ni lugha ya toni: sauti ikipanda mahali isipostahili, neno huweza kubadilika maana. Isitoshe, ngoma na ala nyingine za jadi zilitazamwa na wamisionari wengi kama mambo ya kipagani, hazikuruhusiwa kanisani. Vijana waliosoma wakaanza kuziona kuwa mambo ya wazee.

Mwaka 1948 akawa mkuu wa Makumbusho ya Uganda, akichukua nafasi ya Margaret Trowell, mwanzilishi wa shule ya sanaa ya Makerere. Makumbusho hayo yalianza mwaka 1908 katika ngome ya Lugard, Kampala ya Zamani, na wakati huo hayakuwa na jengo la kufaa. Jengo jipya lilifunguliwa Kitante mwaka 1954. Lilisanifiwa na Ernst May, Mjerumani mwingine aliyekuwa amekimbilia Afrika Mashariki.

Wachsmann aliona kwamba ala iliyofungiwa kabatini haielezi chochote. Mgeni huona kibuyu kirefu chenye tundu, akasoma kibandiko, akaondoka bila kujua kinaliaje. Kwa sababu hiyo makumbusho yaliajiri wanamuziki wa kupiga ala mbele ya wageni. Aliyejulikana zaidi kati yao ni Evaristo Muyinda, aliyekuwa mwanamuziki katika jumba la Kabaka na aliyeweza kupiga ala za aina nyingi. Ni Muyinda huyu aliyemfundisha baadaye Gerhard Kubik, mtafiti wa Austria, kupiga amadinda, yaani marimba ya Kiganda.

Kati ya 1949 na 1954 Wachsmann alizunguka pande nyingi za Uganda akirekodi. Mkusanyo wake una rekodi takriban 1,500, kutoka Buganda na Busoga hadi falme za magharibi na wilaya za kaskazini.

Ala za kupuliza

Mwaka 1953 Trowell na Wachsmann walitoa kitabu kikubwa kuhusu kazi za mikono za makabila ya Uganda. Sehemu ya ala za muziki iliandikwa na Wachsmann, naye alifuata mpango wa walimu wake wa Berlin. Upande wa ala za kupuliza, Uganda ilimpa mifano mingi.

Endere ya Waganda ni filimbi yenye matundu manne ya vidole. Haina kipenyo maalumu cha kuongozea pumzi kama filimbi ya refa. Juu yake imekatwa pengo dogo, na mpigaji hupuliza kwenye ukingo wa pengo hilo. Anayejaribu mara ya kwanza hupata hewa tupu. Zamani zilitengenezwa kwa mabua na matete. Siku hizi hata bomba la plastiki hutumika. Katika jumba la Kabaka palikuwa na kikundi cha wapiga endere za ukubwa mbalimbali, walioandamana na ngoma.

Enkwanzi ya Busoga ni vipande vya matete vya urefu tofauti vilivyofungwa pamoja kwa mpangilio. Kila kipande kina sauti yake, kirefu hutoa sauti nzito na kifupi sauti nyembamba.

Amakondere ni baragumu za vibuyu virefu vilivyounganishwa, zenye tundu la kupulizia ubavuni. Zilikuwa ala za wafalme katika Buganda, Bunyoro na falme za jirani. Wasoga wana zao ziitwazo bigwala, na Waalur wa kaskazini-magharibi wana agwara, za mti. Hapa wanafunzi wengi huchanganyikiwa. Agwara ni ya mti, lakini kitaalamu haihesabiwi pamoja na filimbi. Mpango wa Hornbostel na Sachs hauangalii kitu kilichotumika kutengenezea bali namna hewa inavyotikiswa. Midomo ya mpigaji ikitetema, ala ni ya jamii ya tarumbeta, sawa na siwa ya Pate iliyo ya pembe ya ndovu. Nzumari ya pwani ni kitu kingine tena, kwa kuwa hulia kwa ulimi wa jani au ukindu unaotetema mdomoni mwa mpigaji.

Baragumu hizi zina jambo moja la pekee: kila moja hutoa sauti moja tu. Wimbo hupatikana pale wapigaji kadhaa wanapopokezana, kila mmoja akiingiza sauti yake kwa zamu yake. Mpigaji mmoja akikosekana, wimbo unabaki na shimo. Akifa bila kumfundisha mwingine, kikundi kizima hunyamaza hata kama vibuyu vyote vipo.

Upimaji wa sauti

Swali lililomshughulisha kwa muda mrefu ni jinsi Waganda wanavyopanga sauti. Oktavu ya kinanda cha Ulaya hugawanywa katika hatua 12 zilizo sawa. Ya Waganda ina sauti tano. Oktavu ikihesabiwa kuwa senti 1,200, kila hatua ya Kiganda ingekuwa na senti 240, ukubwa usiopatikana kwenye kinanda. Ndiyo maana Wazungu wengi waliposikia ala za Kiganda walidhani zimepotoka, na ndiyo maana pia endere hugombana na kinanda cha kanisa.

Mwaka 1950 Wachsmann alichapisha katika jarida la Nature makala fupi kuhusu kinubi cha Kiganda kilichopangwa kwa hatua zilizokaribia kuwa sawa. Hata hivyo hakukimbilia kutoa kanuni. Katika makala ya 1967 alieleza hatua hizo kuwa karibu sawa, si sawa kabisa, na akauliza ni kiasi gani cha tofauti ambacho sikio la fundi lenyewe hukubali. Vivyo hivyo kuhusu asili ya ala: mwaka 1964 aliandika juu ya vinubi vya Afrika na uhamaji wa watu, wakati ambapo baadhi ya wataalamu walikuwa wepesi kudai kwamba ala fulani ilitoka Misri au Indonesia kwa sababu tu zinafanana.

Baada ya Uganda

Aliondoka Uganda mwaka 1957. Alifanya kazi London, kisha akafundisha Marekani katika Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, na baadaye Chuo Kikuu cha Northwestern hadi 1975. Mwaka 1971 alihariri kitabu cha makala kuhusu muziki na historia katika Afrika. Alirudi Uingereza na kufia Tisbury mwaka 1984.

Wakati huo sehemu ya muziki aliourekodi ilikuwa imekwisha kupotea mahali pake. Mwezi Mei 1966 jeshi la Uganda lilishambulia jumba la Kabaka huko Mengo. Kabaka Mutesa II alikimbilia Uingereza, alikofariki mwaka 1969. Ala za jumba ziliharibiwa na wanamuziki wakatawanyika. Mwaka 1967 falme zote zilifutwa kisheria, na vikundi vya baragumu vikakosa mfalme wa kumpigia. Falme ziliporudishwa mwaka 1993 wapigaji wengi walikuwa wamezeeka au wamekufa. Mwaka 2012 UNESCO iliingiza bigwala ya Wasoga katika orodha ya urithi unaohitaji kulindwa haraka. Wakati huo walibaki mabingwa wanne tu wenye umri mkubwa.

Mkusanyo wa Wachsmann umehifadhiwa katika Maktaba ya Uingereza, London. Nakala zake zimerudishwa Kampala katika hifadhi ya sauti ya Chuo Kikuu cha Makerere iliyopewa jina lake.