Hugo Münsterberg, profesa wa filozofia aliyeingia sinema kwa haya

Siku ya posho, tarehe 16 desemba 1916, asubuhi, profesa Hugo Münsterberg alisimama mbele ya wasichana wa Radcliffe, chuo kilichokuwa jirani na universite ya Harvard, kule Cambridge, Marekani. Alianza kufundisha. Hakumaliza. Alianguka palepale mbele ya darasa, mshipa umepasuka ndani ya ubongo, akafa. Alikuwa na miaka 53. Miaka kidogo nyuma yake, jina lake lilisomwa kila siku ndani ya magazeti. Lakini siku ile alikufa kama mtu ambaye wenzake wengi walikuwa wamekwisha kumkimbia.

Mwaka ule ule alikuwa ametosha kitabu kidogo juu ya sinema. Hicho ndicho kinafanya watu wangali wanataja jina lake leo.

Alizaliwa tarehe 1 juni 1863 katika mji wa Danzig, uliokuwa wa Wajerumani, leo unaitwa Gdańsk na ni wa inchi ya Poland. Jamaa yao ilikuwa ya Wayahudi. Baba alifanya biashara ya mbao, mama alipenda kuchora. Mama alikufa Hugo akiwa na miaka 12, na baba akamfuata mwaka wa 1880, kijana hajafikisha hata miaka 18. Pamoja na hayo masomo hayakusimama. Alienda Leipzig, kwa mwalimu mkubwa Wilhelm Wundt, mtu aliyefungua labo ya kwanza ya sikolojia, akapata doktora mwaka wa 1885. Miaka miwili kisha, akapata doktora ingine, ya uganga, kule Heidelberg. Mwaka huo wa 1887 akaoa bibi yake Selma, wakazaa binti wawili.

Kule Freiburg, alipoanza kufundisha, hakukuwa labo. Basi akaifungua ndani ya nyumba yake mwenyewe. Habari zake zikafika kwa William James, mwanafilozofia wa Harvard, na hao wawili walikutana Paris katika kongre ya mwaka wa 1889. James alikuwa na labo kule Harvard lakini kazi ya vyombo na vipimo ilikuwa inamchokesha. Akamwita huyu Mjerumani kijana kwa miaka mitatu, kuanzia 1892. Münsterberg alifika na Kiingereza kidogo sana. Miaka ilipoisha akarudi kwao, akasita karibu miaka miwili, kisha mwaka wa 1897 akahamia Harvard moja kwa moja. Moja kwa moja ni namna ya kusema tu, sababu hakuomba hata siku moja nasionalite ya Marekani. Alibakia Mjerumani. Wakati ule hakuna aliyeona kuwa neno hilo litamletea shida.

Kupanda kwake kulikuwa haraka. Mwaka wa 1898 alichaguliwa mkubwa wa chama cha wanasikolojia wa Marekani, na mwaka wa 1908 chama cha wanafilozofia nacho kikamchagua. Alitaka elimu itoke darasani, iende kwa tribinali, kwa fabrika, kwa barabara. Kampuni za tramu zilikuwa zinalipa feza nyingi juu ya aksida. Akatengeneza kipimo cha kuchagua shofere anayeweza kuangalia mambo mengi mara moja bila kuchanganyikiwa. Kampuni ya telefone ilimpa wasichana wapya awapime, na kwa kumjaribu ikachanganya ndani yao wazoefu bila kumwambia. Wale wazoefu wakatokea juu ya orodha.

Kitabu chake cha mwaka wa 1908 juu ya mashahidi kiliwakasirisha avoka wengi. Mfano mmoja ulimhusu yeye mwenyewe. Wezi waliingia nyumbani kwake wakati jamaa yote iko mbali. Aliporudi alizunguka nyumba na polisi, kisha akaitwa kutoa ushuhuda, akaapa. Alisema wezi waliingia kwa dirisha la chini. Kumbe walivunja mlango. Alisema saa ya mezani waliifunga kwa karatasi. Kumbe ilifungwa ndani ya kitambaa cha meza. Hakutaka kudanganya, hakuwa na faida yoyote, kumbukumbu yake ilikuwa nzuri, na bado alisema yasiyo kweli chini ya kiapo. Kama profesa wa kumbukumbu anakosea hivyo juu ya nyumba yake, tribinali inamfunga namna gani mtu kwa maneno ya shahidi mmoja aliyeona jambo usiku? Swali lilikuwa zuri. Jibu lake ndilo lilikuwa na kiburi: alitaka wanasikolojia waitwe kila mahali, wakati vipimo vyenyewe vilikuwa vingali vichanga. Mwaka wa 1909, John Wigmore, mwalimu wa sheria, aliandika kesi ya mchezo ambamo Münsterberg ndiye mshitakiwa, na watu wakacheka sana.

Kwa wanawake alikuwa mtu wa pande mbili. Mary Calkins alifanya masomo yote ya doktora katika labo yake, na mwaka wa 1895 waalimu walimpima wakamkubali. Harvard ikakataa kumpa karatasi, sababu tu ni mwanamke. Münsterberg alimtetea kwa wakubwa wa universite, bila kufaulu. Lakini yeye huyohuyo baadaye aliandika kwamba wanawake hawafai kukaa kati ya wale raia wanaokata kesi katika tribinali. Calkins, kwa upande wake, aliongoza chama kilekile cha wanasikolojia mwaka wa 1905, na karatasi ya Harvard hakuipata mpaka kufa.

Filozofia hakuiacha. Katika kitabu chake kikubwa juu ya thamani za milele, aliweka mapendo katika ukoo mmoja na uzuri. Kwake, mapendo ni kule kupatana kwa nia za watu wawili, na kunasimama penyewe bila kuomba faida nje, sawa vile mchoro au wimbo unavyokamilika ndani yake. Ni fikra kavu kidogo kwa jambo la moto vile, lakini ndiyo iliyomtayarisha kwa sinema.

Sinema yenyewe aliidharau. Profesa wa Harvard kuingia mule ilikuwa haya, mahali pa makelele na makuta kidogo. Alithubutu akiwa safarini, mbali karibu kilometa 1600 na Boston, pamoja na rafiki mmoja. Filme ilikuwa Neptune's Daughter ya mwaka wa 1914, pamoja na mwogeleaji Annette Kellerman. Alitoka amegeuka. Miezi iliyofuata alikuwa anaangalia filme kama mlevi wa pombe, akatembelea studio, akazungumza na waliozitengeneza.

Mwaka wa 1916 akatoa kitabu The Photoplay. Wengi walisema sinema ni teatro iliyopigwa picha. Yeye akakataa. Katika teatro, mambo yanafuata sheria za dunia ya nje: mtu hawezi kuwa pahali pawili, jana hairudi. Katika filme, kamera inasogelea mkono unaotetemeka na dunia yote inapotea. Huko ni kuangalia kwetu kwenyewe, vile akili inavyoshika jambo moja na kuacha mengine. Mwanamke amekaa dirishani, na mara tunaona siku alipoachana na mpenzi wake. Hiyo ni kumbukumbu. Hata ule mwendo tunaouona hauko pale. Kuko picha zilizosimama, moja kisha ingine, na akili yetu ndiyo inazitembeza. Kwa hiyo filme inapita kwa njia zilezile ambazo roho ya mtu inapitia, na ndiyo sababu mapendo na woga vya watu wasiokuwako vinatuliza machozi ya kweli. Kwa jambo moja alikosea: alifikiri sauti ya kusema ingeharibu sanaa hiyo.

Sinema ilikuwa pia kimbilio. Agosti 1914 vita ya kwanza ya dunia ilipoanza, Münsterberg alichukua kalamu kwa kutetea Ujerumani, bila kupumzika. Barua za vitisho zikaanza kufika. Kukawa uvumi kwamba ni mpelelezi. Mwanafunzi wa zamani aliyekuwa London alitangaza kuwa ataondoa milioni 10 za dola alizoahidi Harvard kama hawamfukuzi; Münsterberg akajibu kwamba ataacha kazi mara moja kama tajiri huyo atalipa nusu yake papo hapo. Harvard ilikataa kumfukuza. Kazi ikabakia, lakini marafiki hapana. Mei 1915 Wajerumani walizamisha meli Lusitania, watu karibu 1200 wakafa, kati yao Wamarekani 128. Josiah Royce, mwenzake katika filozofia kwa miaka 20 na zaidi, akasimama waziwazi kulaani Ujerumani. Münsterberg alizidi kuamini kwamba amani iko karibu, na kwamba siku moja inchi zake mbili zitapatana tena.

Miezi minne kisha kifo chake, aprili 1917, Marekani iliingia vitani na Ujerumani. Jina lake likazikwa pamoja na vitabu. Binti yake Margaret aliandika maisha ya baba mwaka wa 1922, wasomaji hawakuwa wengi. Mwanafunzi wake William Marston alijulikana kuliko yeye, juu ya kipimo cha kutambua uongo na juu ya Wonder Woman aliyemtunga. Kile kitabu kidogo cha sinema kilingoja mpaka 1970, kikachapwa tena, na walioanza kukisoma walikuwa wanafunzi wa filme.