Edmund Morel, karani wa meli aliyemfichua Leopold wa Pili

Wakongomani wengi wanamjua Mfalme Leopold wa Pili. Aliyesaidia kumnyang'anya Kongo, Edmund Dene Morel, anajulikana na wachache.

Alizaliwa Paris tarehe 10 Julai 1873, baba Mfaransa, mama Mwingereza. Akiwa kijana alipata ukarani Liverpool katika Elder Dempster, kampuni ya meli iliyosafirisha mizigo kati ya Ubelgiji na Kongo. Kwa kuwa alijua Kifaransa, alitumwa mara kwa mara kwenye bandari ya Anvers, na huko hesabu zikamshitua. Meli zilifika zimejaa mpira na pembe za ndovu. Zilirudi Kongo na bunduki, risasi na maofisa wa jeshi. Bidhaa za kuwalipa wakaaji karibu hazikuwemo. Sasa mpira ule ulinunuliwa kwa nini? Morel alielewa kwamba haukununuliwa. Watu walilazimishwa kuuvuna kwa mtutu wa bunduki.

Mwaka 1901 aliacha kazi, na 1903 akaanzisha gazeti lake, West African Mail. Mwaka huohuo Bunge la Uingereza lilipitisha azimio juu ya Kongo, na konsuli Roger Casement akaenda hadi ndani ya nchi kujionea. Ripoti yake ilitoka 1904. Morel na Casement wakaunda chama cha kudai mageuzi Kongo, na shinikizo likaendelea hadi 1908, Leopold alipolazimika kuiachia Ubelgiji koloni lake. Morel mwenyewe hakuwahi kufika Kongo.

Vita vya 1914 alivipinga waziwazi. Mwaka 1917 alifungwa miezi sita kwa kupeleka maandishi Uswisi kinyume cha sheria, na afya yake haikurudi tena.

Kuna jambo ambalo wanaomsifu hupenda kuliruka. Mwaka 1920 aliongoza kampeni dhidi ya askari Waafrika wa jeshi la Ufaransa waliokuwa Ujerumani, akiwachora kama wabakaji kwa sababu ya rangi yao. Ndiye yuleyule aliyewatetea Wakongomani.

Mwaka 1922 aliingia bungeni kwa chama cha Labour, jimbo la Dundee, katika uchaguzi uliomnyima Winston Churchill kiti chake. Labour iliposhika serikali 1924 alitumaini kupewa wizara ya mambo ya kigeni, lakini waziri mkuu Ramsay MacDonald aliichukua mwenyewe. Morel alifariki tarehe 12 Novemba 1924, akiwa na miaka 51, majuma mawili tu baada ya Dundee kumchagua tena.